Kikombe cha Kwanza cha Bi Kalunde

Zamani za juzijuzi, sukari ilipokuwa bado inapanda bei kwa aibu, palikuwa na nchi moja yenye serikali sikivu. Jina la nchi hiyo nalijua, ila nimeliweka chini ya godoro na mimi mwenyewe ndiye nimelilalia. Ni nchi nzuri. Ina mito miwili, wizara arobaini na nne, na sheria moja ambayo kila mwananchi aliivunja kabla ya chakula cha mchana: sheria ya kukataza gongo.

Wenyewe hawakuiita gongo, maana kulitaja jina nako kulikuwa kosa dogo. Waliiita maji ya mjomba. Mjomba wa nani, hakuna aliyeuliza. Hakimu aliyanywa kabla ya hukumu, mshtakiwa baada ya hukumu, na kwa njia hiyo mahakama ziliendeshwa kwa maelewano.

Mpishi aliyesifika kuliko wote alikuwa Bi Kalunde, mjane wa miaka sitini na tisa, mama yake Siwema na jirani yangu. Kazi aliirithi kwa mama yake, na mama yake kwa bibi yake. Chungu kilifinyangwa na huyo bibi kwa udongo wa kichuguu. Mrija wa shaba ulichomolewa kwenye gari la bwana mkubwa wa kikoloni siku ile ile aliyokuja kutangaza kuwa gongo ni marufuku. Alirudi kwao kwa miguu, maili sitini, huku anawalaumu waliotengeneza gari. Hivyo ndivyo nilivyosimuliwa, nami nimeongeza maili kumi tu.

Kila Alhamisi, Sajini Machumu alikuja kumkamata.

"Shikamoo, Mama Siwema. Uko chini ya ulinzi."

"Marahaba, mwanangu. Kaa kwanza, chungu hakijamaliza."

Sajini alikaa, maana ni kosa kuchukua ushahidi ambao haujaiva. Ukiiva, aliukagua kwa bilauri mbili, kisha wakaongozana hadi kituoni wakiulizana habari za watoto.

*

Sasa nieleze kazi yenyewe, maana humo ndimo mkasa ulimolala.

Ndizi mbivu na sukari guru zikishachacha huingia chunguni, chungu huzibwa kwa udongo, na moto huwekwa wa upole. Mvuke hupita mrijani, mrija hupita kwenye beseni la maji baridi, na kule mwisho hutokea tone. Mgeni akiona tone la kwanza hupiga makofi. Bi Kalunde akiliona alikunja uso.

Kikombe cha kwanza si cha mtu. Kinang'aa kuliko vyote, na kinapofusha. Babu yake, mtu mbishi, alikinywa mara moja kwa kushindana, na tangu siku hiyo hadi anazikwa alikuwa akiamkia mbuzi shikamoo na kumfunga mama mkwe kwenye kigingi. Kwa hiyo kikombe cha kwanza humwagwa chini, penye kona ya ua. Kwa miaka tisini kimemwagwa pale pale, na pale pale haujaota hata ukoka. Siafu wakifika hapo, huzunguka.

Tatizo ni kujua cha kwanza kinaishia wapi. Hakuna kipimo. Leo ni kikombe kimoja, kesho kimoja na nusu, na kwa macho vyote ni maji. Anayejua ni pua. Kuna pumzi moja ambapo harufu huacha kuwa ya mlango uliopakwa rangi jana na kuwa ya ndizi iliyochomwa kwenye majivu. Kabla ya pumzi hiyo unaua, baada yake unaburudisha.

Pumzi hiyo ndiyo Bi Kalunde alikuwa akimfundisha mwanawe Siwema, mwanamke wa miaka thelathini na nne, mrefu, mcheshi, mwenye pua nzuri lakini isiyo na subira. Alimfunga kanga machoni, akamkalisha mbele ya mrija.

"Mama, sasa."

"Bado."

"Sasa?"

"Bado, mwanangu. Unanusa kwa hamu. Nusa kama unayechukia."

"Sasa!"

"Umewahi pumzi tatu. Umeshapofusha wateja kumi na mmoja pamoja na Mzee Posta."

Mzee Posta ndiye mimi. Nilifanya kazi posta miaka thelathini na moja, na sikupenda kuwa mfano wa somo.

"Pumzi tatu tu, mama, nazo si zitakwisha?" Siwema alicheka.

Bi Kalunde hakucheka. Alikuwa amekwisha kuanza kukohoa kile kikohozi ambacho zahanati ilikiita umri. "Misimu mitatu, minne, zitakwisha. Nikifa hazijakwisha, kivunje chungu. Usimpe mtu yeyote. Kazi hii bila pua ni sumu."

*

Basi mwaka ule nchi jirani ikaandikisha uji wake kuwa urithi wa ulimwengu. Uji! Wakapewa na kibao cha shaba. Mkuu wetu wa Nchi alipoiona picha ya kibao gazetini, chai ilimshinda. Akaita Baraza.

"Na sisi je? Tuna nini cha kale?"

"Tuna wewe, Mtukufu," alisema waziri mmoja, akapandishwa cheo hapo hapo. Lakini kwa hilo kibao hakitolewi.

Ikaundwa Tume ya watu arobaini. Walizunguka nchi miezi minane. Wakakuta ngoma zilikufa kwa kanuni ya kelele, mavazi ya asili kwa kanuni ya usafi, na hadithi kwa kuwa wasikilizaji wakizidi watano huhitaji kibali cha mkusanyiko. Kitu kimoja tu kilikuwa hai, kinafanywa vile vile kama mababu walivyofanya, bila ruzuku wala semina. Tume ikaandika kwa mshangao kwamba katika nchi nzima, kilichopigwa marufuku ndicho pekee kilichohifadhika. Sentensi hiyo ilifutwa kwenye nakala ya mwisho.

Alhamisi moja yakafika magari mawili kwa Bi Kalunde. Moja lilimleta Sajini Machumu na pingu. La pili lilimleta Bwana Zefania, Afisa wa Wizara ya Urithi, na shada la maua. Kila mmoja akamshika mama mkono mmoja.

"Mwachie! Huyu ni Hazina Hai ya Taifa, Nambari Moja!"

"Hazina sijui, bwana. Mimi nina Alhamisi yangu."

Walisuluhishwa kwa utaratibu: akamatwe kwanza, aachiwe, ndipo apongezwe, ili mafaili yote mawili yafungwe vizuri.

Bi Kalunde alifurahi, nisimsingizie. Aliniita kwenye uzio. "Jirani, yaani nitamfundisha mwanangu mlango ukiwa wazi?"

"Serikali ndivyo ilivyosema."

"Basi leo imesema."

*

Bwana Zefania alikuwa kijana msomi, mwenye adabu, na fomu ya kurasa kumi na nane. Aliuliza kila kitu. Walipofika kwenye kikombe cha kwanza, mimi nilikuwepo.

"Hiki mnampa nani, bibi?"

"Ardhi."

"Kwa nini ardhi?"

"Kwa sababu ardhi haina macho."

Afisa akaandika muda mrefu, zaidi ya maneno aliyoambiwa.

"Umeandika nini, mwanangu?"

"Nimeandika kwamba kwa mujibu wa imani za wenyeji, kikombe cha kwanza ndicho chenye heshima kuu."

"Sikusema heshima. Nimesema kinapofusha. Mtu. Macho. Haya hapa."

"Nimeliweka hilo, bibi. Lipo kwenye kipengele cha imani."

Siwema akaingilia. "Kaka, si imani. Ukitaka nikumiminie ujaribu?"

"Dada yangu, mimi niko kazini."

Wakampeleka kwenye kona ya ua, wakamwonyesha pale pasipoota kitu. Aone mwenyewe, walifikiri, ataelewa. Bwana Zefania alipaona, akavua viatu. Wiki iliyofuata pakazungushiwa mnyororo na kibao: ENEO TAKATIFU, USIOTESHE.

*

Baada ya hapo zikaja Kanuni za Uhifadhi, kurasa sitini na moja, nami nilizisoma zote kwa kuwa mstaafu hana pa kukimbilia.

Kanuni zilisema gongo ni urithi wa taifa. Zilisema pia kuwa sheria ya kuikataza haijafutwa, kwa sababu kuifuta ni kazi ya wizara nyingine. Kwa hiyo urithi utapikwa mara moja kwa mwaka, Siku ya Urithi, katika Kituo cha Taifa. Atakayeupika siku nyingine ni mhalifu. Kituo kitajengwa uani kwa Bi Kalunde, na chungu kitakaa ndani ya kioo siku mia tatu sitini na nne ili kisichakazwe na matumizi. Na kanuni ya arobaini na mbili: hakuna sehemu yoyote ya urithi, hata tone, itakayomwagwa au kupotezwa.

"Mara moja kwa mwaka," alisema Bi Kalunde. Akahesabu kwa vidole, akaviangalia, akavikunja. "Pua haifundishwi mara moja kwa mwaka, Mzee Posta. Hata mbwa wa Machumu ananusishwa kila asubuhi."

Nikamshauri Siwema aombe leseni ya mrithi, ili aruhusiwe kufanya mazoezi. Leseni ilitaka ushahidi wa uzoefu wa kazi. Siwema hakuwa na cheti, ila alikuwa na hati za mashtaka saba, zote zikiwa na mhuri. Akazipanga kwa tarehe, akazipeleka.

Karani alizisoma kwa makini. "Uzoefu wako umethibitika kikamilifu."

"Asante, dada."

"Na kwa kuwa umethibitika, una rekodi ya uhalifu. Mwenye rekodi ya uhalifu haruhusiwi leseni."

"Na asiye na rekodi?"

"Huyo hana uzoefu."

"Sasa nani anaipata?"

"Haijawahi kutolewa," karani alisema kwa fahari. "Iko salama."

*

Siku ya Urithi ya kwanza ilikuwa ya kupendeza. Palikuwa na mahema, bendi ya polisi, na vipaza sauti vinane vilivyofungwa juu ya miti. Bi Kalunde alivalishwa kofia ya manyoya ambayo hakuna mtu wa ukoo wake aliyewahi kuiona. Mgeni rasmi alikuwa Waziri wa Urithi, Mheshimiwa Lukaiya Ndimbo, mtu mnene, mwenye sauti ya kujaza hema.

"Wananchi!" alisema. "Taifa lisilojua lilikotoka haliwezi kujua limekosea wapi njia! Serikali hii ndiyo iliyopiga vita gongo, na serikali hii hii ndiyo iliyoiokoa kutoka katika vita hivyo! Ni serikali gani nyingine yenye uwezo wa kupigana na kuokoa kwa wakati mmoja?"

Hakuna, tulijibu, na tulisema kweli.

Tone likatoka. Likafuata jingine. Kikombe cha fedha kikajaa, kinang'aa. Mheshimiwa akanyoosha mkono. Bi Kalunde akamtazama usoni, akatazama macho yake mawili, mazima, yenye mafuta mengi lakini mazima. Akageuka, akamwaga kikombe chote chini.

Bendi ilinyamaza katikati ya wimbo.

"Pole, baba," alisema Bi Kalunde. "Chako kinakuja. Hiki hakikuwa chako."

Sajini Machumu alimkamata, na haikuwa Alhamisi. Hakumwambia shikamoo, alikuwa anaangalia chini.

Kesi ilikwenda haraka. Shtaka: kuharibu mali ya urithi kwa kuimwaga mbele ya Waziri.

"Nilimwokoa asipofuke," alisema mama.

"Kuna mtu aliyepofuka?" aliuliza hakimu.

"Hakuna, kwa sababu nilimwaga."

"Basi mahakama haioni hatari yoyote iliyotokea. Ingekuwa Mheshimiwa amekinywa akapofuka, utetezi wako ungekuwa na nguvu sana. Kwa nini hukungoja?"

Kwa huruma ya umri wake hakufungwa. Alivuliwa uhazina, akapewa cheo cha Hazina Hai Mstaafu, na akakatazwa kukikaribia chungu kwa hatua mia mbili. Sasa, chungu kilikuwa Kituoni, na Kituo kilikuwa uani kwake, hatua tisa kutoka kitandani. Sajini Machumu alizipima hatua mia mbili mwenyewe, kwa miguu yake mirefu, akifuata njia inayozunguka shamba la mihogo. Ya mia mbili na moja iliangukia kwenye baraza ya nyumba yangu.

"Mzee Posta," aliniambia bila kunitazama, "mama atakaa kwako. Nimepima vizuri."

*

Mwaka wa pili Wizara ilimwajiri Siwema. Ilihitaji sura ya ukoo kwa ajili ya picha, na rekodi ya uhalifu haizuii kupigwa picha. Hakutaka kwenda. Alikaa kwenye mkeka barazani kwangu, barua ya ajira mapajani.

"Nenda," mama yake alimwambia. "Chungu kisikae peke yake na wale watu."

"Na kikombe cha kwanza?"

"Kimwage."

"Mama, siruhusiwi hata kukishika! Mrija wanautia lakiri. Bwana Zefania ndiye anafungua, Bwana Zefania ndiye anakinga. Kazi yangu imeandikwa hapa: kuchochea moto na kutabasamu."

Bi Kalunde alikohoa, akangoja kikohozi kipite. "Basi una mdomo. Waambie."

Mimi nami nikaandika barua. Nimeishi na barua, najua namna ya kuitia mtu hofu kwa aya tatu. Niliandika kwa Waziri, kwa Katibu, kwa Zahanati Kuu. Nilijibiwa na wote. Walinishukuru kwa mapenzi yangu kwa mila, na barua zangu zikatundikwa kwenye ukuta wa Kituo, chini ya maneno: Imani za Wenyeji.

Siku ikafika. Siwema alichochea moto, akatabasamu, na tone lilipotoka akaacha kutabasamu. Akashika kipaza sauti.

"Bado!" alisema.

Watu wakadhani ni sehemu ya sherehe. Wakapiga makofi.

"Ndugu zangu, bado! Asinywe! Bado!"

"Bado!" umati uliitikia, kwa raha. "Bado! Bado!" Wakashika mdundo, bendi ikaudaka, akina mama wakapiga vigelegele. Kadiri Siwema alivyopiga kelele ndivyo walivyocheza. Katikati ya ngoma hiyo Mheshimiwa Ndimbo akapokea kikombe, akakiinua, akakigugumia chote, akatangaza kwamba amewaona mababu.

Baada ya siku tatu hakuona kitu kingine. Wizara ilitoa taarifa kwamba Mheshimiwa ana uchovu wa kuona mbali. Alivaa miwani myeusi, na kufikia Jumatatu mawaziri wote walikuwa nayo. Akahamishiwa Wizara ya Barabara, na nawaambieni, hakuna aliyegundua tofauti barabarani. Mrithi wake akanywa mwaka uliofuata. Naye akahamishiwa Mipango.

Na ile kelele ya Siwema iliingizwa kwenye ratiba rasmi. Ni kipengele cha saba: Mwito wa Bado. Alipewa kipaza sauti kipya.

*

Mwaka huu tulikuwa barazani, Bi Kalunde na mimi. Siku hizi hatembei. Namtoa asubuhi na kiti chake, namgeuzia upande wa shamba la mihogo. Miaka yote hiyo Siwema alikuwa akija baada ya kazi, wanakaa, anamsukia mama nywele zilizobaki. Habari za pua walikwisha kuacha kuzizungumza. Huwezi kufundisha harufu kwa maneno. Walijaribu. Mama alisema "ndizi kwenye majivu" mpaka maneno yakaisha ladha.

Saa nne, vipaza sauti vikaanza. Mgeni rasmi mwaka huu ni waziri wa tatu, kijana, ana mke na watoto mapacha wa miezi sita. Alihutubia vizuri. Bi Kalunde hakumsikiliza. Alifumba macho. Upepo ulikuwa unatoka Kituoni kuja kwetu, ukipita juu ya mihogo, na mimi sikusikia harufu yoyote ila ya udongo.

"Tone," alisema mama.

Kweli, makofi yakapigwa.

"Bado," alisema, kwa sauti ya mtu anayemwambia mtu aliye karibu.

Na kutoka kwenye miti, vipaza sauti vinane vikasema kwa sauti ya Siwema, "Bado."

Umati ukaitikia. Bendi ikaingia. Mama hakusikia hayo, alikuwa anavuta pumzi ndogondogo, kama anayechukia. Mkono wake ulikuwa umeshika ukingo wa kiti.

"Bado," alisema.

"Bado," alisema Siwema, hatua mia mbili na moja mbali.

"Bado."

"Bado."

Hawakuwa wanasikilizana, mama husema kwa kunong'ona. Lakini sauti zilikuwa zinatoka pamoja, kama miguu ya mtu mmoja. Mtangazaji akasema kwa furaha kwamba sasa Mheshimiwa anakipokea kikombe, anakiinua, jamani tazameni anavyokiinua, anakunywa, amekimaliza! Vigelegele vikapanda hadi nikaziba masikio.

Nilipoyazibua, kelele zilikuwa zimetulia kidogo. Mama akavuta pumzi moja. Ya pili. Ya tatu.

"Sasa," alisema.

Na kipaza sauti, ambacho nadhani mtu alikisahau wazi, kikasema taratibu, wakati ule ule, bila kuwahi wala kuchelewa: "Sasa."

Bi Kalunde akafumbua macho. Alinigeukia, na mashavu yake yalikuwa yamelowa.

"Mzee Posta, umesikia? Ameiva."

Nikasema nimesikia. Kule ng'ambo ya mihogo walikuwa wanamwomba Mheshimiwa arudi kitini, naye anauliza, kwa utani mzuri tu, watu wakicheka, kiti chenyewe kiko wapi.